Maonyesho ya Mbwa: Tiba ya Udanganyifu Iliyozaa Maradhi

Tarehe 28 na 29 Juni 1859, ndani ya Ukumbi wa Mji wa Newcastle upon Tyne, kaskazini mwa Uingereza, waandaaji wa maonyesho ya kuku waliongeza kivutio kipya: mbwa 60 wa kuwindia ndege, wa aina mbili tu, pointa na seta. Washindi waliahidiwa bunduki za mitutu miwili kutoka kwa W. R. Pape, fundi bunduki wa mji huohuo. Majaji walipomaliza kazi, ilionekana kwamba mmoja wa waliowapima pointa ndiye mwenye seta aliyeshinda, na mmoja wa waliowapima seta ndiye mwenye pointa aliyeshinda. Hakuna kanuni iliyovunjwa, kwa sababu kanuni zenyewe hazikuwapo.

Tukiuliza leo kwa nini buldogi anakoroma akiwa macho, au kwa nini dalmeshia, mbwa mweupe mwenye madoa, hupata mawe ya kibofu, jibu linalotolewa haraka ni majivuno: matajiri wa Uingereza walitaka kiumbe cha kujionyeshea, wakamharibu mbwa. Majivuno yalikuwapo, lakini hayatoshi kueleza kilichotokea. Watu walijivunia mbwa wao kwa karne nyingi kabla ya 1859 na mbwa hakuharibika kwa kiwango hiki. Kilichobadilika ni kwamba watu waaminifu, wakijaribu kukomesha ujanja wa ukumbini, walibuni zana mbili: vigezo vya maandishi na kitabu cha nasaba. Zana hizo zilifanya kazi yake vizuri mno, na madhara yaliingilia mlango huohuo.

Mashindano ya sura ya mbwa hayakuanzia Newcastle. Mwaka 1835 sheria ya Uingereza ilipiga marufuku kupiganisha mbwa na kuwachochea mbwa wamshambulie fahali aliyefungwa. Waliozoea michezo hiyo hawakuacha mbwa wao. Katika mabaa ya London, kama ile ya Jemmy Shaw, wenye teria na spanieli wadogo walikutana jioni, wakawapandisha mbwa mezani, wakalinganisha vichwa, rangi na uzito. Newcastle iliutoa mchezo huo baa na kuupeleka ukumbi wa mji, mbele ya waungwana wawindaji na waandishi wa magazeti.

Baada ya hapo mambo yalikwenda mbio. Birmingham, mwaka 1860, ilikaribisha pia mbwa wasio wa kuwinda. Mwaka 1863 London ilishuhudia maonyesho yenye mbwa zaidi ya elfu moja kwa mpigo. Reli ndiyo iliyowezesha: mbwa alitiwa kwenye kikapu au sanduku la mbao, akabandikwa anwani, akapakiwa kwenye behewa la mizigo peke yake, na kupokelewa na watu wa maonyesho mji wa pili. Mwenyewe alisubiri nyumbani matokeo kwa barua.

Mazingira ya kumbi zile yalikuwa hivi. Mbwa alifungwa mnyororo mfupi kwenye kizimba cha mbao kilichoinuliwa kutoka sakafuni, majani makavu chini yake, ubao mwembamba ukimtenga na jirani. Alikaa hapo mchana na usiku, siku tatu au nne, huku maelfu ya wageni wakipita, kila mmoja akimshika pua huyu na kisha yule. Kwa virusi vya distempa hakuna mahali pazuri kuliko hapo. Distempa husambaa kwa matone kutoka puani, mdomoni na machoni, na mbwa aliyeambukizwa huanza kuvitoa virusi kabla hajaonekana mgonjwa. Dalili huchukua wiki moja hadi mbili kujitokeza. Kwa hiyo mbwa aliyeonekana mzima ukumbini alirudi kwao na medali, akaanza kutoa makamasi na kuharisha, na kufikia wakati huo banda zima lilikuwa limeshaambukizwa, watoto wakiwa wa kwanza kufa. Mfaransa Henri Carré alionyesha mwaka 1905 kwamba kisababishi ni virusi. Mwaka 1923 gazeti la The Field lilianzisha mfuko wa kugharamia utafiti, na mwishoni mwa muongo huo watafiti Laidlaw na Dunkin wakapata chanjo. Karibu miaka 70 ya mwanzo, basi, kumpeleka mbwa kwenye maonyesho kulikuwa kumweka rehani.

Sasa udanganyifu. Zawadi ya fedha ilikuwa ndogo, lakini dume aliyeshinda alipata kazi ya kupanda majike kwa malipo, na watoto wake waliuzwa ghali. Hapo ndipo penye faida, na penye faida mikono haitulii. Teria mweusi mwenye alama za kahawia aling'olewa nywele zilizokaa pasipotakiwa, moja moja. Pua iliyopauka ilipakwa rangi nyeusi. Manyoya meupe yalisuguliwa chokaa yang'ae. Masikio yalikatwa yasimame, kisha kidonda kikafichwa. Hila kubwa kuliko zote, na iliyokuwa rahisi kuliko zote, ilikuwa ya jina. Mbwa mashuhuri waliitwa Bob, Jet, Spot, Vic, Nettle au Bang, na kila mji ulikuwa na Bob wake kadhaa. Muuzaji alimnadi mtoto wa Bob aliyeshinda Birmingham, na mnunuzi hakuwa na njia ya kujua ni Bob yupi. Mbwa mmoja angeweza kushindana mji huu kwa jina hili na mji ule kwa jina lingine, umri ukipungua njiani.

Jawabu la kwanza lilitoka kwa John Henry Walsh, tabibu na mhariri wa The Field, aliyeandika kwa jina la Stonehenge na aliyekuwa miongoni mwa majaji wa Newcastle. Hoja yake ilikuwa ya busara: majaji wawili wasipokubaliana mbwa mzuri ni yupi, basi sifa ziandikwe na zipewe alama, jumla 100. Mwaka 1867 alikusanya maelezo hayo katika kitabu kuhusu mbwa wa visiwa vya Uingereza. Pointa wake anastahili kuangaliwa kwa makini. Mabega na kifua vilipewa alama 15, mgongo, nyonga na mapaja 15, miguu 12, nyayo 8. Hiyo ni nusu ya alama zote kwa viungo vya kukimbilia. Rangi ilipata 5 tu. Walsh alikuwa anamwelezea mfanyakazi, na aliyemfuata kwa uaminifu alipata mbwa anayeweza kuwinda kutwa.

Lakini alama hizo zilitolewa ukumbini. Jaji aliona bega. Hakuona bega likifanya kazi saa sita kwenye majani yenye umande. Pumzi, pua, stahamala, akili ya kumsoma kware, uwezo wa jike kuzaa bila msaada: yote hayo hayaonekani kwa mbwa aliyesimama kwenye kamba. Na kwa aina ambazo kazi yake ilikuwa imekufa, kama buldogi aliyepoteza fahali wake mwaka 1835, hapakuwa na bwana shamba wa kusema mbwa huyu hafai. Kigezo kilibaki peke yake.

Namna kigezo kinavyoharibu ni jambo la kueleza taratibu, maana wengi hudhani lazima awepo mtu mwovu. Tuseme kigezo kinasema kichwa kiwe kikubwa na uso uwe mfupi. Mbwa kumi na wawili wanaingia fainali, na wote wana kichwa kikubwa na uso mfupi, la sivyo wasingefika hapo. Jaji ana dakika chache kwa kila mmoja na ni lazima amtoe wa kwanza. Anatafuta tofauti, na tofauti inayoonekana upesi ni ya yule ambaye sifa imemzidi kidogo. Huyo anashinda, na msimu unaofuata ndiye anayepandishwa majike ya mkoa mzima. Wastani wa aina yote unasogea. Miaka mitatu baadaye fainali inajaa watoto wake, na jaji mwingine, mwaminifu vilevile, anachagua tena aliyezidi kidogo. Maneno ya kigezo hayajabadilika hata herufi moja. Yalitaja upande wa kuelekea bila kutaja mahali pa kusimama. Kigezo kinachosema "uso mfupi" pasipo kutoa uwiano wa urefu wa uso kwa urefu wa fuvu kitawafikisha mbwa kwenye uso usiokuwapo kabisa, na ndivyo ilivyotokea.

Waliokuwa na shaka walikuwapo mapema. Tarehe 18 Aprili 1865, huko Southill katika Bedfordshire, wawindaji waliendesha majaribio ya kwanza ya uwanjani kwa pointa na seta, nayo yakatumia alama 100: pua 40, kasi na eneo analolitembea mbwa 30, na zilizobaki zikagawanywa kwa tabia na utulivu. Hizo ni sifa ambazo ukumbi hauzioni. Majaribio ya uwanjani na maonyesho yangefungwa pamoja tangu siku hiyo, asipewe mbwa heshima ya sura bila cheti cha kazi, historia ya mbwa wa kuwinda ingekuwa nyingine. Hayakufungwa. Wenye bunduki walienda zao, wenye vizimba zao, na leo ndani ya aina moja, kwa mfano springa spanieli wa Kiingereza, kuna mbwa wa kazi na mbwa wa maonyesho wanaoonekana kama hawajuani. Uingereza hata ina cheo maalumu cha Show Champion kwa mbwa wa kuwinda aliyeshinda ukumbini lakini hajathibitishwa uwanjani.

Tarehe 4 Aprili 1873 Sewallis Evelyn Shirley, mbunge na mfugaji, alikutana London na wenzake kumi na wawili wakaanzisha Kennel Club. Ukisoma malengo yao unaona watu waliochoshwa na uhuni. Kazi kubwa ya kwanza ilikuwa kitabu cha nasaba, kilichotoka 1874 kikiwa na mbwa 4,027 walioshiriki maonyesho tangu 1859. Mwaka 1880 wakaongeza sharti la kila mbwa wa maonyesho kusajiliwa kwa jina lake, na suala la akina Bob likaisha. Ilikuwa kazi ya kupigiwa makofi, na mtu yeyote aliyewahi kununua ng'ombe wa mbegu kwa maneno matupu anajua thamani yake.

Kitabu cha mwanzo hakikuwa ukuta. Kilikuwa na mbwa wengi ambao baba au mama yao hawakujulikana, na hilo halikumtia mtu aibu. Ukuta ulijengwa pole pole kadiri neno "safi" lilivyopata bei. Mbwa mwenye vizazi vitatu vilivyoandikwa aliuzwa kuliko mwenye viwili, mwenye vitano kuliko mwenye vitatu, mpaka mlango wa kuingiza damu ngeni ukafungwa kwa karibu kila aina. Tangu hapo kila aina inaishi kwa jeni za wale waliokuwamo siku mlango ulipofungwa, na hizo hazibaki zote: kila dume asiyepandishwa anaondoka na za kwake.

Hesabu yenyewe si ngumu. Ukimpandisha dume na dada yake wa tumbo moja, au baba na binti, kiwango cha uzao wa ndani cha watoto ni asilimia 25, yaani robo ya sehemu za jeni zao zina nakala mbili zilizotoka kwa mzazi mmoja wa zamani. Ndugu wa baba mmoja mama mbalimbali: asilimia 12.5. Watoto wa ndugu: 6.25. Takwimu hizi zinachukulia kwamba mababu wenyewe hawakuwa na undugu, jambo ambalo kwa mbwa wa mbegu safi si kweli, kwa hiyo kiwango halisi huwa juu zaidi. Jeni mbovu ambayo nakala moja haidhuru huanza kuleta ugonjwa zikikutana mbili. Kinachoharakisha mkutano huo ni dume mshindi. Kennel Club leo haisajili zaidi ya mizao minne ya jike mmoja. Kwa dume hakuna kikomo, ilhali yeye ndiye anayeweza kuacha mamia ya watoto na kuitawanya kasoro moja nchi nzima kabla haijajulikana.

Buldogi anaonyesha yote haya kwa pamoja. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 wafugaji wake waligawanyika: upande mmoja ulipenda mbwa mwepesi mwenye miguu mirefu kidogo, upande mwingine mbwa mzito, mfupi, wa kifua kipana. Ubishi ukaamuliwa kwa mwendo. Orry wa upande mwepesi na Dockleaf wa upande mzito walitembezwa masafa marefu. Orry alimaliza, Dockleaf hakuweza. Katika fani yoyote inayoheshimu ushahidi, siku hiyo ingebadilisha kigezo. Ukumbini haikubadilisha lolote, na aliyeshinda kwa miguu ndiye aliyetoweka: buldogi wa karne ya 20 walifuata umbo la Dockleaf. Utafiti wa Uingereza uliochapishwa mwaka 2010 ulikuta zaidi ya asilimia 80 ya mizao ya buldogi ilitolewa kwa upasuaji, kwani kichwa cha mtoto kimepanuka na nyonga ya mama imebanwa. Kupumua nako kuna shida yake. Uso umefupishwa kwenye mfupa, lakini nyama laini ya kaakaa haikupungua kwa kiasi hicho, kwa hiyo inasongamana nyuma ya koo. Matundu ya pua nayo ni membamba. Mbwa hatoi jasho la kutosha kumpoza. Anajipoza kwa kuhema, kwa kupitisha hewa kwenye utando wenye unyevu, na huyu hana njia ya kuipitisha. Mpeleke Mombasa au Dar es Salaam mwezi wa Februari, mtembeze saa saba mchana, na anaweza kufa kwa joto ambalo mbwa wa kienyeji analilalia kivulini.

Biashara iliingia ikakuza kila kitu. James Spratt aliuza biskuti za mbwa London, na kampuni yake ikawa inakodisha vizimba na kulisha mbwa kwenye maonyesho. Kijana aliyemfanyia kazi, Charles Cruft, alianza na maonyesho ya teria mwaka 1886, na mwaka 1891 akayaita kwa jina lake mwenyewe katika Ukumbi wa Kilimo wa Islington. Malkia Victoria alipeleka mbwa wake wa pomerania mwaka huohuo, na kila mwanamke mwenye uwezo akataka pomerania mdogo kama wa Malkia. Aina ile ikaendelea kupungua ukubwa. Ng'ambo ya Atlantiki, maonyesho ya kwanza ya Westminster ya New York, Mei 1877, yalipokea mbwa 1,201.

Wapo wanaosema klabu hazina nguvu ya kubadilisha umbo, kwamba zinafuata tu wanachotaka wafugaji. Historia inawapinga. Kukata masikio kulikuwa desturi iliyoota mizizi, kukitetewa kwa hoja zote unazoweza kufikiria: usafi, mila, uzuri, urahisi kazini. Mwanamfalme wa Wales alipoandika mwaka 1895 kuonyesha kutoridhika kwake, Kennel Club ilianza kubana, na mwaka 1898 mbwa waliokatwa masikio wakazuiwa kushindana. Visu vikawekwa chini. Aina zilizokuwa zikikatwa hazikufa. Wafugaji walianza kuchagua masikio yanayokaa vizuri yenyewe. Kanuni moja ya kuingia ulingoni ilifanya kile ambacho miaka ya mahubiri haikufanya. Kwa hiyo klabu inapodai kwamba haiwezi kuweka kipimo cha chini cha urefu wa pua, isiaminiwe.

Kuna aina moja inayotugusa sisi moja kwa moja. Mbwa wa kuwinda wa msitu wa Kongo na kusini mwa Sudan, anayeitwa basenji, alifika Crufts mwaka 1895, na waliomwakilisha wakafa kwa distempa muda mfupi baadaye. Mwaka 1923 Lady Helen Nutting alileta sita kutoka Sudan. Walimaliza karantini, wakachanjwa dhidi ya distempa kwa chanjo iliyokuwa bado ya majaribio, wakafa. Ni mwaka 1937 tu, Olivia Burn alipoonyesha wake Crufts, aina hiyo iliposhika, na watu walisongamana kumtazama mbwa asiyebweka kama wengine. Waliojenga ukoo huo Ulaya na Marekani walikuwa wachache mno, kisha kitabu kikafungwa. Matokeo yakaja kwa mpangilio wake. Kwanza upungufu wa damu unaotokana na kasoro ya kimeng'enya cha chembe nyekundu. Wafugaji wakapima, wakawaondoa wabebaji wote kwa pamoja, wakafurahi. Lakini kuwaondoa wabebaji wote katika kundi lililokwisha kuwa dogo kunalipunguza tena, na wabebaji wale walikuwa na jeni nyingine nyingi nzuri. Ugonjwa wa Fanconi, ambamo figo huvujisha sukari na madini kwenye mkojo, ukawa ndio tatizo jipya.

Uamuzi uliofuata ni wa kuigwa. Mwaka 1987 na 1988 wafugaji wa Kimarekani walisafiri hadi Zaire ya wakati huo, wakaenda vijijini ambako mbwa hawa bado walikuwa wanawinda, kengele ya mbao shingoni, wakiswaga wanyama kuelekea nyavuni. Walichagua watoto, wakawakuza, wakawatathmini, na mwaka 1990 American Kennel Club ikafungua kitabu cha nasaba kuwaingiza. Pamoja nao ikaja rangi ya michirizi kama ya chui milia, ambayo basenji wa Marekani hawakuwa nayo. Kitabu hicho kimefunguliwa tena baadaye. Ubora wa mbwa wale haukuwa katika karatasi, kwa kuwa hawakuwa nazo. Wawindaji wa Kongo walikuwa wamewachuja kwa karne nyingi kwa jaribio gumu kuliko la Southill.

Mfano wa dalmeshia unaumiza zaidi, kwani huko tiba ilikuwapo mkononi ikakataliwa. Dalmeshia wote wa mbegu safi walibeba nakala mbili za jeni yenye kasoro, SLC2A9, inayowafanya watoe asidi ya yuriki nyingi kwenye mkojo badala ya kuibadilisha kuwa kitu kinachoyeyuka kwa urahisi. Kwa madume, ambao njia yao ya mkojo ni nyembamba, mawe yanaweza kuziba kabisa. Hukuweza kuchagua mzima, kwa sababu hakuwapo. Mwaka 1973 mwanajenetiki Robert Schaible alimpandisha dalmeshia na pointa mmoja, kisha akawarudisha watoto kwa dalmeshia kizazi baada ya kizazi, kila mara akibakiza wenye jeni nzima. Kila marudio yanaigawa damu ya pointa kwa mbili: nusu, robo, thumni, baada ya marudio kumi imebaki chini ya sehemu moja kati ya elfu. American Kennel Club ilisajili wawili wa ukoo huo mwaka 1981, wanachama wakapinga, mlango ukafungwa. Uingereza ilikubali 2010, Marekani ikakubali rasmi 2011. Miaka thelathini ya mawe ya kibofu kwa ajili ya usafi wa karatasi.

Mwaka 2008 televisheni ya BBC ilionyesha hali ya mbwa wa mbegu safi wa Uingereza, na mwaka uliofuata ikaacha kurusha Crufts. Mambo yaliyokwama miongo mingi yakasogea ghafla. Kuanzia 2009 Kennel Club ilikataa kusajili watoto wa ndugu wa tumbo moja au wa mzazi na mtoto wake, na vigezo vikapitiwa upya. Mwaka 2012 washindi wa aina 15 zenye hatari kubwa walilazimika kupimwa na daktari wa mifugo kabla ya kuthibitishwa Crufts. Sita walikataliwa, wakiwemo buldogi na pekinizi. Mwaka 2019 ukaja mpango pamoja na Chuo Kikuu cha Cambridge: buldogi, buldogi wa Kifaransa au pagi anasikilizwa koo kwa stetoskopu, anatembezwa mwendo wa kukimbia taratibu kwa dakika 3, anasikilizwa tena, kisha anapewa daraja 0 hadi 3, 0 ikiwa ndiyo bora. Ni jaribio la dakika 3 lisilohitaji mashine, na lingeweza kufanyika siku ileile Orry na Dockleaf walipotembezwa.

Nairobi ina East Africa Kennel Club, na soko la mbwa wa mbegu safi linakua Kenya na Tanzania, likiuzwa zaidi kwa picha na kwa neno "safi". Mnunuzi asiishie kwenye cheti. Omba nasaba ya vizazi vinne, upande wa baba na wa mama, na kalamu nyekundu mkononi zungushia kila jina linalojirudia. Likitokea pande zote mbili ndani ya vizazi vitatu, uliza kwa nini. Kwa mchungaji wa Kijerumani, labrado au rotwaila, dai eksirei ya nyonga za wazazi iliyosomwa na mtaalamu. Katika mfumo wa Uingereza kila nyonga hupewa alama 0 hadi 53, jumla 106, na kadiri zinavyopungua ndivyo ilivyo bora. Mwone mama akitembea, si akiwa amekaa. Kwa mbwa wa uso mfupi, mkimbize mzazi dakika 3 na umsikilize: akikoroma, mapovu yakimtoka, au akikataa kuendelea, usinunue mtoto wake hata kwa nusu ya bei.

Na klabu zetu, ambazo bado ni ndogo na hazijafungwa na mila za karne moja na nusu, zinaweza kuandika kanuni nne msimu huu huu. Asiingie ulingoni mbwa wa uso mfupi asiyepata daraja 0 au 1. Kiwango cha uzao wa ndani kichapwe kwenye katalogi mbele ya jina la kila mbwa. Dume mmoja asisajiliwe zaidi ya idadi maalumu ya mizao kwa mwaka, hata awe bingwa wa wapi. Na kila kitabu cha nasaba kiwe na sehemu iliyo wazi, ambamo mbwa asiye na karatasi, akishapimwa afya na kazi, huandikwa, na wajukuu wake wakashindana kama wengine.